HUO UHUNI MBONA MWALIMU ALIUTAFSIRI?

Mimi huku Inyonga, Wilaya ya Mlele, mwili haujambo ila moyo ndio ulikuwa matatani. Kwa hiyo zile habari za mabwana wanaojificha kwenye simu za wake zao leo naziweka kiporo. Nataka nikusimulie kasheshe la nyumbani kwetu, na dada mmoja wa Kenya ambaye hata hajui kama Inyonga ipo, lakini ndiye aliyetusuluhisha.

Basi bwana, ilikuwa Septemba 2025. Mdogo wangu wa kike alikuwa kidato cha tatu, na shuleni kwao walikuwa wakijiandaa na mahafali ya kidato cha nne. Wakaamua kuonyesha Orodha, ule mchezo wa Steve Reynolds ambao wengi wetu tuliusoma sekondari. Mtoto wa watu akachaguliwa kuwa Furaha. Alirudi nyumbani anaruka kama mwanambuzi.

Baba akauliza huyo Furaha ni nani. Binti bila kupima akajibu, "Ni msichana aliyekufa kwa UKIMWI, baba."

Weee! Ukimya uliotanda pale ungedhani kuna msiba kweli.

"Mwanangu mimi asimame mbele za watu aigize uhuni?" baba akasema. "Hilo halipo."

Mdogo wangu akaingia ndani akajifungia. Usiku baba akaniita uani. "Wewe ni mkubwa," akaniambia. "Na wewe uliyataka mambo hayo hayo, nikakukataza, ukanielewa, ukatulia. Nenda kaongee na mwenzio."

Msomaji wangu, neno hilo la "ukatulia" lilinichoma kama mwiba wa samaki.

Ni kweli, nilipokuwa shule na mimi nilichaguliwa kuwa Furaha. Nilikuwa nimeshakariri maneno yote, mpaka ya wenzangu. Baba alipokataa sikubishana. Nilimwambia mwalimu naumwa. Siku ya mchezo nikasimama nje ya dirisha la bwalo nikamwangalia mwenzangu akiigiza. Alipokosea maneno, midomo yangu ikayasema yaliyo sahihi. Hakuna aliyenisikia. Nikamaliza kidato cha nne, sasa napima asali dukani na kuandika hizi porojo zangu, na kila mtu anaamini nilitulia.

Usiku ule sikulala. Nikachukua simu, nikawa naangalia vipande vya video vya Lupita Nyong'o. Najua unamfahamu, lakini inawezekana unafahamu gauni tu na ile Oscar. Subiri nikupe habari kamili.

Lupita ni Mjaluo wa Kenya aliyezaliwa Mexico City tarehe 1 Machi 1983, baba yake alipokuwa akifundisha chuo kikuu huko. Ndiyo maana akapewa jina la Kimeksiko. Alikulia Nairobi. Akiwa na miaka 14 akaigiza Juliet wa Shakespeare na kikundi cha Phoenix Players pale pale Nairobi. Umesikia hiyo? Kumi na minne! Umri ambao sisi tunaambiwa tufagie uwanja.

Sasa usidhani baada ya hapo mambo yakawa mteremko. Filamu ya The Constant Gardener, iliyotoka mwaka 2005, ilipokuwa ikipigwa Kenya, yeye alikuwa miongoni mwa vijana wa kutumwatumwa nyuma ya kamera. Mle ndani alikuwepo mwigizaji wa Uingereza, Ralph Fiennes. Akamuuliza binti anataka kufanya nini maishani. Lupita mwenyewe ameeleza kwamba alijibu kwa haya kuwa anapenda kuigiza. Yule bwana hakumpamba kwa maneno matamu. Alimwambia kazi hiyo aifanye tu kama anaona hawezi kuishi bila hiyo.

Mwaka 2009 akatoka kwenye tamthilia ya televisheni ya Shuga, iliyopigwa Nairobi, akiwa msichana anayeitwa Ayira. Na Shuga ilihusu nini? Vijana, mapenzi na virusi vya UKIMWI! Niliposoma hapo nikakaa kitako kitandani. Kumbe dada wa Oscar naye alipitia mlango ule ule ambao baba anamfungia mdogo wangu.

Baadaye akasomea uigizaji Chuo Kikuu cha Yale, Marekani, akamaliza mwaka 2012. Ndiyo, wanasomea, na digrii wanapewa. Filamu ya 12 Years a Slave ikatoka mwaka 2013, na tarehe 2 Machi 2014, siku moja baada ya kutimiza miaka 31, akapokea Oscar ya mwigizaji bora msaidizi wa kike.

Mwingine hapo angesema sasa nimefika. Yeye alirudi jukwaani. Mwaka 2016 aliigiza Broadway, New York, kwenye mchezo wa Eclipsed ulioandikwa na Danai Gurira, kuhusu wanawake waliokwama kwenye vita vya Liberia. Akateuliwa kuwania tuzo ya Tony. Na Agosti 2025 akapanda tena jukwaani New York, ukumbi wa wazi wa Central Park, kwenye Twelfth Night ya Shakespeare, hadithi ya pacha wawili waliotenganishwa na ajali ya meli. Yeye alikuwa Viola, na pacha wake akawa mdogo wake wa kiume kweli, Junior Nyong'o. Mwongozaji alikuwa Saheem Ali, naye mzaliwa wa Nairobi. Sasa sikia utamu wenyewe: wale pacha wa kigeni, mle ndani ya mchezo, walizungumza Kiswahili. Kiswahili hiki hiki cha kwetu, katikati ya Marekani!

Jioni iliyofuata nikamkuta baba anakarabati mizinga yake. Nikamwamkia, nikakaa, nikamsimulia yote. Alisikiliza huku anagonga. Nilipomaliza akaweka nyundo chini.

"Baba yake ni nani huyo?"

Nikajua nimenaswa. Nikamwambia ni Profesa Anyang' Nyong'o, aliyepata kuwa waziri na mwaka 2017 akachaguliwa kuwa gavana wa Kisumu.

"Umeona? Yule akiteleza ataokotwa na baba yake. Wewe wa Inyonga ukiteleza nani atakuokota? Mimi na tumbaku yangu?"

Jamani, hoja hiyo ilikuwa nzito. Sikuwa na jibu la haraka, na siwezi kukudanganya wewe msomaji kwamba haina ukweli. Mtoto wa mkubwa ana pa kuangukia. Lakini nikasema, "Baba, mbona hata huyo mtoto wa mkubwa aliona haya kusema anachokipenda? Sasa sisi tunaokatazwa tutasema lini?"

Kimya. Kisha akauliza, "Huyo Shakespeare si ndiye wa Mwalimu?"

Hapo nikafufuka! Baba ni mtu wa Mwalimu Nyerere damu damu. "Ndiye, baba! Mwalimu alitafsiri Juliasi Kaizari na Mabepari wa Venisi. Ile ya kwanza ilitoka mwaka 1963, akiwa Rais. Kama kuigiza ni uhuni, Mwalimu angepoteza muda wake kuutafsiri?"

Baba akataka kucheka, akajizuia. Nikaona nimalizie kabla ujasiri haujaisha. "Na mimi, baba, sikutulia. Nilinyamaza. Mpaka leo yale maneno ninayo kichwani."

Hakujibu. Akachukua nyundo yake. Alipogonga msumari wa mwisho akasema bila kunitazama, "Jumamosi mimi nina safari ya porini kutundika mizinga." Nikaelewa kwamba hajaruhusu, ila hatakuwepo kukataza. Nikaenda kumgongea mdogo wangu mlango.

Jumamosi bwalo lilijaa. Mdogo wangu aliigiza mpaka akina mama wakafuta machozi kwa kanga. Ilipofika ile barua ya marehemu, inayowatia watu kiwewe wakidhani wametajwa majina yao, nikageuka kutazama watu. Nani nikamwona kasimama mlangoni na koti lake la porini linalonuka moshi? Baba! Hakupiga makofi. Alikuwa amevua kofia, kaishika kifuani kama mtu aliye msibani.

Njiani kurudi nyumbani hatukuzungumza. Tulipofika mlangoni akamwambia mdogo wangu, "Sauti ilikuwa ndogo kule nyuma. Siku nyingine paza." Kisha akanigeukia mimi. "Na wewe, kumbe ulikuwa unanyamaza tu?"

Nikasema, "Ndiyo, baba."

Akasema, "Pole, mwanangu."

Neno moja hilo nilikuwa nimelisubiri tangu siku ile ya dirishani.

Ninyi wazazi mnaonisoma, sisemi kila binti anayeigiza ataenda Broadway. Wengi tutabaki hapa hapa na mizani ya asali. Ila kabla hujaita kitu uhuni, nenda kasimame mlangoni ukitazame kwanza. Na ukiona mtoto ametulia, muulize vizuri, usije ukakuta amenyamaza tu.

Wiki ijayo tukijaaliwa narudi na wale mabwana wa simu. Ninao wawili wa mtaani kwetu, na wanajijua!