Agosti ya Harusi

Jumanne, 5 Agosti 2025

Shule zimefungwa, jamaa wa Maskati, Dubai na London wamerudi, na Mji wa Kale wa Mombasa hauna usiku wa kulala. Leo nimekwenda Kibokoni kukaa na bibi harusi nitakayempiga picha Jumamosi. Kamera niliiacha nyumbani. Mtu akiiona siku ya kwanza huanza kujipanga uso, nami nataka kumjua kabla hajajipanga.

Nikamuuliza maswali yangu. Picha gani zako huzipendi? Nani lazima aonekane? Nani asisimamishwe kando ya nani? Hili la mwisho lilimfanya amtazame kwanza somo wake, yaani mama anayemfunda. Wazazi wake waliachana zamani, babake ana mke mwingine, na wote watakuwapo. Nikaandika: na mama peke yake, na baba peke yake, na baba na mkewe. Picha ya wote pamoja haipo katika orodha. Akitokea wa kuiitisha, nitajibu mimi kwamba muda umekwisha. Bibi harusi asilazimike kusema "la" mbele ya watu siku yake.

Alhamisi, 7 Agosti

Hina. Wanawake tupu, udi, asumini, kelele za raha. Aliyetiwa hina hana mikono: hawezi kunywa, kujikuna wala kujifuta jasho. Nimemshikia gilasi ya maji mara kadhaa, nikamsogezea feni. Msaidizi wangu akaninong'oneza, "Dada, mbona hupigi?" Nilikwisha kupiga za kutosha: mchoraji kazini, shangazi wakiimba. Picha kubwa ya viganja naiweka Jumamosi. Hina ya kweli ikibanduliwa huwa rangi ya chungwa. Huiva ikawa nyekundu iliyokolea baada ya siku moja au mbili. Nimemweleza bibi harusi, akatulia. Alikuwa ameanza kuhofia kwamba haikushika.

Ijumaa, 8 Agosti

Nikaha msikitini baada ya isha. Upande wa wanaume ni kazi ya kaka yangu, na nimemsisitizia asimsahau bwana harusi. Wapiga picha wengi humchukulia kama nguzo ya kumsimamisha mkewe, ilhali naye ana hofu yake na ana mama anayetaka picha nzuri ya mwanawe.

Mimi nilibaki nyumbani na bibi harusi. Hakuwapo msikitini, habari ya kwamba sasa ni mke imemfikia kwa vigelegele vya sebuleni. Bwana harusi alipokuja kumpa mkono, ukumbi mdogo ulijaa simu zilizoinuliwa. Nikamwendea shangazi mkubwa: "Bi mkubwa, nisaidie, wapate nafasi ya kusalimiana." Akawatoa wote kwa neno moja. Nikapiga mikono ilipokutana, kisha nami nikatoka. Somo alibaki mlangoni kama askari.

Jumamosi, 9 Agosti

Kupamba. Mlangoni simu zote zimekusanywa, wahudumu wote ni wanawake, maana humu watu wamevua buibui na vichwa viko wazi. Kila aliyekaa pale amekubali kuonekana na waliomo ukumbini, basi. Kamera yangu ndiyo pekee iliyoruhusiwa kupita.

Gauni jeupe hudanganya mashine. Hupima weupe wa kitambaa, ikapunguza mwangaza, na uso wa maji ya kunde ukatoka kama umepakwa majivu. Kwa hiyo mimi napima usoni, na flashi naielekeza darini. Bibi harusi akijiona amefifia kwenye picha hatasema kamera imekosea. Atadhani yeye si mzuri. Poda nyeupe zaidi haimsaidii, na sitamng'arisha ngozi kwenye kompyuta.

Alikuwa hajala tangu asubuhi. Kabla hajapanda jukwaani nikamwomba somo ampe tende na maji. Katikati ya ngoma mgeni mmoja akanijia: "Mwanangu, nitumie moja tu kwa simu." Nikamwambia, "Mama, nitakupiga vizuri, kisha picha utaipata kwake mwenyewe."

Jumatatu, 11 Agosti

Watu hudhani kazi imekwisha. Leo ndiyo nzito. Picha ziko kwenye diski mbili: moja kabatini kwangu, moja kwa dadangu. Nazihariri mwenyewe, sipeleki kwa kijana wa mtaani hata akiwa hodari namna gani. Albamu ikichapishwa nakaa pale pale kwenye mashine mpaka ukurasa wa mwisho utoke, na zilizoharibika naondoka nazo.

Kenya ina Sheria ya Kulinda Data tangu 2019, nayo, isipokuwa kwa sababu nyingine inazozitaja, inataka ridhaa ya mtu kabla ya taarifa zake kutumiwa. Wanawake wa pwani walikuwa wakidai hivyo hivyo zamani, bila wakili. Karatasi yangu ya ridhaa ina mistari miwili: za albamu pekee, au naruhusu kuonyesha viganja na gauni bila uso. Huyu amechagua viganja. Si tangazo kubwa, lakini wateja wangu huletwa na midomo ya masomo kama wake.

Jumatano, 20 Agosti

Nimepeleka albamu. Jioni mama mkwe wa bibi harusi akanipigia anataka nakala nzima, na sauti yake si ya mtu aliyezoea kukataliwa. "Mama," nikasema, "picha ni za mkweo. Akiniruhusu, leo leo nakuletea mwenyewe."

Kimya. Kisha akacheka. "Basi hata zangu hutazitoa kwa mtu?"

"Hata kwa mwanao."

Binti yake wa mwisho anaolewa Disemba, na anataka nimpige mimi. Bei aliishusha kidogo. Nimekubali, ila malipo ya awali yaje kabla ya mwisho wa mwezi.