Msokoto Mmoja

Kaka yangu ndiye alinionjesha Roky Erickson, usiku stima zimepotea, tumekaa kwa ngazi za ploti na simu yake. Sikuipenda ile sauti. Jamaa anapiga mayowe kama nyumba inaungua.

Kijana wa Austin, Texas, mwimbaji wa 13th Floor Elevators. Mwaka 1966, kabla hajafika miaka 20, "You're Gonna Miss Me" ilivuma Marekani. Mwaka 1969 makarao wakamshika na msokoto mmoja wa bangi. Mmoja! Akadai ana wazimu ndio akwepe jela. Akafungiwa hospitali, akatoroka, akapelekwa Rusk, walikowekwa wahalifu wagonjwa wa akili. Alipigwa shoti za umeme. Aliachiliwa 1972, akaanza kuimba mambo ya mashetani na zombi.

Kaka pia alishikwa na msokoto mmoja. Mama aliuza cherehani kulipa faini. Tangu arudi haongei sana.

Juzi nilimchezea albamu ambayo Roky alitoa 2010, akiwa na miaka 62. Akasikiliza yote, macho kwa ukuta.

“Gita langu liko wapi?”

Liko kwa mjomba. Nyuzi mbili zimekatika.