Mali bila Daftari

Hapa Kalima, mji wa bati, wako wengi wanaokaa katika nyumba za kupanga, na magomvi ya kodi hayaishi. Jirani yangu, mama wa watoto wanne, alitaka kuhama, akadai garanti yake, ndiyo akiba yake yote. Mwenye nyumba, mzee mjane, akakana: «Sikupokea kitu.» Niliwasindikiza wote wawili, maana wote ni jirani zangu.

Sheria ya tarehe 31 Desemba 2015 yasema waziwazi: mapatano ya kupanga yaandikwe, garanti ya nyumba ya kukaa isipite kodi ya miezi mitatu, na kabla ya kufika tribinali ya amani, wenye ugomvi wapatanishwe kwanza na ofisi ya serikali ya makao.

Ofisini waliulizwa jambo moja tu: «Karatasi iko wapi?» Hakuna aliyekuwa nayo. Mwishowe wakapatana mama akae miezi miwili bila kulipa, kisha ahame. Kila mmoja alipoteza kidogo, lakini walitoka wakisalimiana.

Ndugu msomaji, mali bila daftari hupotea bila habari. Andikeni karatasi mbili, mtie sahihi wote, kila mtu ashike yake. Tusingoje ugomvi ndipo tutafute kalamu.