Hiace ya Mwenge Mitaani Los Santos

Katika mabanda ya gemu ya Dar es Salaam, miaka ya 2007 na 2008, aliyetawala ni Winning Eleven, gemu la mpira. PlayStation 2 zimepangwa ukutani, aliyefungwa anampisha mwenzake, na wanaosubiri zamu wanajua kucheza kuliko wanaocheza. Banda letu la Sinza lilikuwa na cha ziada: kompyuta moja ya Windows XP, pembeni ya meza ya mwenye banda, na ndani yake GTA: San Andreas. Kwenye PlayStation gemu hilo lilikuwa diski; unaichomeka, unacheza, basi. Kwenye kompyuta lilikuwa folda, na folda hufunguliwa.

Tulianza na muziki, maana haukutaka ufundi. Toleo la kompyuta lina redio inayopiga nyimbo za mchezaji mwenyewe. Unakopi MP3 zako kwenye folda ya User Tracks, unaingia kwenye mipangilio ya sauti, unaliamuru gemu lizisome. CJ, mhusika mkuu wa gemu, akakatiza Grove Street huku Bongo Fleva inalia ndani ya gari, na wa Winning Eleven wakaacha mpira kuja kuangalia. Swali lililofuata lilikuwa lazima: kama nyimbo zimekubali, daladala je?

Kuipata ilikuwa kazi. Mkongo wa SEACOM ulifika pwani yetu Julai 2009. Kabla ya hapo intaneti ya mitaani ilipitia setilaiti, na kafe ilikutoza ukiwa unatazama kimstari kikijaa. Modi ya gari, yaani gari la mashabiki la kuingiza kwenye gemu, bahati nzuri ni megabaiti chache. Unaishusha, unaibeba kwa flashi, na flashi inabeba na ya kwake: folda zinazojiita New Folder, kumbe ni virusi. Kaka mwenye banda hakuruhusu flashi kuchomekwa kabla hajaikagua mwenyewe.

Halafu kulikuwa na kikwazo kilichotoka mbali. Mwaka 2005 Mholanzi mmoja, Patrick Wildenborg, alitoa modi iliyoitwa Hot Coffee, iliyofungua vipande vya ngono ambavyo watengenezaji walikuwa wameviacha vimefichwa ndani ya gemu. Marekani wakalipandisha daraja likawa la watu wazima tu, na Rockstar, watengenezaji wenyewe, ikatoa toleo lililoziba njia hiyo. Waliozibiwa hawakuwa wa Hot Coffee peke yao. CLEO, programu inayoendesha hati ndogondogo za mashabiki, ilitaka toleo la mwanzo, 1.0. Kwa hiyo kila tulipopata kopi mpya tulikwenda moja kwa moja kwenye gta_sa.exe kusoma ukubwa wake. Tulichotafuta ni baiti 14,383,616, namba tuliyoijua kama namba ya simu ya nyumbani.

Magari yote ya San Andreas yanakaa ndani ya faili moja kubwa, gta3.img, kwenye folda ya models. Kila gari lina vipande viwili: .dff ndiyo umbo, .txd ndiyo rangi na picha za bodi. Daladala tuliyoipata, Hiace, kazi ya mtu tusiyemjua, tuliipa nafasi ya Pony, kigari cha mizigo cha mle ndani. Unatoa alama ya Read-only kwenye gta3.img, la sivyo IMG Tool, programu ya kulihariri, inagoma; unabadilisha pony.dff na pony.txd, unaliamuru faili lijipange upya. Hapo ndipo unapoomba Mungu, kwa sababu umeme ukikatika katikati, gta3.img inabaki haifai. Sheria ya kaka ilikuwa fupi: faili la asili likae kwenye diski D, na asiliguse mtu.

Kupaka rangi ndiko kulikotupa raha kuliko yote. TXD Workshop ilitoa picha ya bodi, nasi tukaichora kwa Paint: mstari wa rangi ya njia ubavuni na maandishi MWENGE – POSTA. Ndani ya gemu ubavu mmoja ukasomeka vizuri. Wa pili maandishi yakawa kinyume, herufi zimegeuka nyuma mbele, kwa kuwa mtengenezaji alitumia picha moja kwa pande zote mbili. Tukayahamishia kwenye kioo cha mbele. Mlango nao ulikuwa kulia. Kwa Los Santos, mji wa ndani ya gemu, ambako magari hupita kulia, ni sawa kabisa. Kwa konda wa Dar ni kushusha abiria katikati ya barabara.

Kisha gemu likaanza kufa. Lilifunguka vizuri, likachezeka, halafu ghafla likajifunga na kuturudisha kwenye desktop. Mara mtaa wa Ganton, mara karibu na uwanja wa ndege, mara tumesimama tu. Wengine wakasema ni joto la mashine, wengine RAM. Kaka hakubishana na mtu.

"Dogo, lilipokubali mara ya mwisho, palikuwa na nini?"

"Kaka, palikuwa hakuna Hiace."

"Basi itoe. Usiguse kingine."

Tukaitoa, gemu likatulia. Tukairudisha, likafa. Ndipo tukaelewa kwa nini lilionekana kufa popote: gemu halipakii magari yote kwa pamoja, linaita gari pale linapotakiwa barabarani. Hitilafu haikuwa na mahali. Ilisubiri Pony ipangiwe kupita. Tukaweka hati ya CLEO ya kuita gari lolote hapo hapo, ili tusisubiri bahati, na gemu likafa kila tulipoiita. Kosa linalotii amri limeshakamatwa nusu.

Nusu iliyobaki ilikuwa kwenye umbo. Katika San Andreas, mwili usioonekana unaolifanya gari ligonge ukuta badala ya kupenya hukaa ndani ya .dff yenyewe; katika Vice City, gemu lililotangulia, hukaa katika faili la pembeni. Hiace ile ilitengenezwa kwa ajili ya Vice City, ikabandikwa jina la San Andreas. Tukashusha nyingine yenye mwili wake, tukapaka mstari upya, ikapita.

Ilipopita, watu walijaa. Mmoja alilalamika ni safi mno, haijawahi kubeba mtu. Mwingine akataka iyumbe kwenye kona, tukapunguza namba kwenye handling.cfg hadi ikayumba. Kila unapopanda, kona ya skrini bado inaandika Pony, kwa sababu majina yanakaa kwenye faili jingine kabisa, american.gxt, na hilo likawa kazi ya wiki iliyofuata.

Siku hizi modi za mabasi ya kwetu zinawekwa kwenye Bus Simulator Indonesia kwa simu, faili moja ndani ya folda ya Mods, kazi imekwisha. Nafurahi kwa wanaozitumia. Sisi tulikuwa tukimaliza kutengeneza tunazunguka Los Santos dakika chache, halafu mtu anauliza kama treni nayo inabadilika. Misheni za CJ tulizicheza kidogo sana, na mwisho wa hadithi yake nilikuja kusimuliwa na wa PlayStation.