Subiri Mkia wa Sentensi

Kivukoni, Dar es Salaam

Mpwa wangu Rehema,

Bibi yako mguu umepona. Juzi kashuka mwenyewe mpaka Feri kununua changu, akabishana bei mpaka mchuuzi akasalimu amri.

Nimesikia kwamba mtihani wa Kijapani wa N3 umekugomea kwenye kusikiliza. Kanji unazisoma, sarufi unaijua, ila sauti ikianza unaachwa nyuma, na sasa eti unataka kuacha. Hilo silikubali, mwanangu.

Unajua nilikuwa mtunza stoo hapa Magogoni wakati soko la samaki linajengwa kwa msaada wa Japani, kabla halijafunguliwa mwaka 2002. Darasa la Kijapani sikukaa. Niliwasikiliza wale mafundi wakuu wa Kijapani tu. Sisi Waswahili tunakataa mwanzoni: ukitamka "si-" nimeshajua hutaki. Mjapani kitenzi anakiweka mwisho, na kukataa kwake kumo mkiani mwa kitenzi hicho. Ikimasu, anakwenda, ikimasen, haendi. Vibarua walikuwa wakisikia saruji imetajwa wanatoka mbio, mfuko begani, kumbe mzee wa watu anasema isiletwe.

Basi usipigane na kila neno. Likikupita liache, subiri mkia. Chukua kipande kifupi. Zile habari za Kijapani chepesi za NHK zinatosha, zina sauti na maandishi. Sikiliza kwanza bila kutazama. Kisha soma, uone wapi umepigwa chenga. Halafu sema pamoja na msomaji, mdomo ukimfuata, hata wenzako wa chumbani wakucheke. Na -te iru ya kitabuni Wajapani mdomoni wanaifanya -teru. Izoee, kama ulivyozoea Kiswahili cha makonda. Tamthilia zenye maandishi chini tazama kwa starehe zako, ila usiniambie ni mazoezi. Pale jicho linasoma, sikio limelala.

Sehemu ya kusikiliza huwezi kuikwepa. Ni dakika 40, kila mazungumzo yanapigwa mara moja tu, na usipofikisha alama 19 kati ya 60 umefeli, hata kwingine ukiwa umepata zote. Kwa hiyo jipime kwa kile ulichokipata mara ya kwanza, siyo ya tano.

Ada ya mtihani ujao ni juu yangu. Jiandikishe mapema, kabla hawajafunga, na Jumapili nipigie unisomee habari moja.

Mjomba wako,
Salum