Kutwa na kucha Mara: Bunda, Butiama hadi Musoma

Waulize wapenzi wa mjini wangependa kwenda wapi wikiendi ndefu, majibu ni yale yale: Zanzibar, Bagamoyo na, kwa wenye nazo, Dubai. Sijawahi kusikia mtu akitaja Musoma. Ukiutaja wewe, watakuuliza una msiba gani huko.

Sisi tulikwenda kwa sababu ya barua. Mwenzangu alipewa uhamisho, kituo kipya Musoma, makao makuu ya mkoa wa Mara. Wiki nzima nyumba ilikuwa kimya kama mahakama. Mimi nina kazi yangu Dar es Salaam, kazi niliyoihangaikia, na yeye hawezi kuikataa yake. Mashoga zangu walinipa ushauri wa kila aina. Mmoja alisema mwanaume akienda kukaa mkoani peke yake, wewe hesabu umeachika. Mwingine akasema bora kuachika kuliko kuishi na Wakurya, watu wa kufoka!

Mpenzi msomaji, kabla ya kuamua jambo kama hilo, si vizuri mkaone kwanza? Tukakubaliana tusiende kwa ndugu wala kwa wafanyakazi wenzake, maana kila mmoja angetuonyesha anachotaka yeye. Tulikodi gari na mtembezaji, kijana mzaliwa wa huko, tukamwambia kazi yake ni kutuonyesha mkoa kutwa na kucha. Mchana tuone mahali pa kuishi, usiku tuone kama pana maisha.

ASUBUHI: BUNDA

Kutoka Mwanza mpaka Musoma ni kama kilomita 220 za lami, na hiyo barabara peke yake ni utalii. Ukishapita Magu na Lamadi unakuta geti la Ndabaka, mlango wa magharibi wa Hifadhi ya Serengeti, hapo hapo pembeni ya barabara kuu. Wakati watalii wanapanda ndege kutoka ng'ambo kuja kuitafuta Serengeti, abiria wa basi la Mwanza anaipita huku anamenya karanga. Nyani wamekaa barabarani kama wanasubiri usafiri. Ukibahatika unaona pundamilia bila kulipa senti.

Mtembezaji wetu alitupokea Bunda. Huu ni mji wa njia panda. Ukinyoosha unakwenda Musoma, ukikata kushoto unakwenda Kisorya, unapopanda kivuko kwenda kisiwa cha Ukerewe. Kwa hiyo sokoni unakuta kila kitu na kila mtu: dagaa wakavu, mihogo, mtama, mitumba, na Wasukuma, Wajita, Waikizu na Wakurya wanaobishana bei kwa Kiswahili chenye lafudhi nne.

Juu ya mji umekaa mlima Balili, mawe makubwa yaliyopangana utadhani kuna mtu aliyapanga. Tulipanda kidogo. Upande mmoja unaona nyika ya Serengeti inavyopotea, upande wa pili unaona maji ya Ziwa Victoria, Ghuba ya Speke. Mwenzangu alinyamaza kwa muda, halafu akasema, "Dar ukitaka kuona mbali hivi inabidi upande ghorofa la watu." Nilicheka, mara ya kwanza wiki ile.

Na vile vifoko? Ni kweli watu wa Mara wanaongea kwa sauti ya juu. Pale sokoni niliona wanaume wawili nikajua sasa wanapigana, nikamshika mwenzangu mkono. Mtembezaji akaniambia, "Shemeji, hao wanasalimiana." Na kweli, sekunde kumi baadaye walikuwa wameshikana mabega wakienda kunywa chai. Kijana wa kiume huku anaitwa "mura", na mura anategemewa asinong'one.

MCHANA: BUTIAMA

Kutoka Bunda unapita Kiabakari, unafika Makutano, unakata kulia. Muda si mrefu uko Butiama, alikozaliwa Mwalimu Julius Kambarage Nyerere tarehe 13 Aprili 1922, mtoto wa Chifu Nyerere Burito wa Wazanaki. Kambarage ni jina la mzimu wa mvua, alipewa kwa kuwa alizaliwa siku ya mvua.

Nyumbani kwa familia panaitwa Mwitongo, na pametulia kiasi kwamba mtu unajikuta unapunguza sauti mwenyewe. Kaburi la Mwalimu limejengewa nyumba, na karibu yake wamelala baba yake na mama yake, Mgaya wa Nyang'ombe. Ipo nyumba kubwa aliyojengewa na Jeshi la Wananchi, ambayo hakuifaidi kwa muda mrefu. Alifariki London tarehe 14 Oktoba 1999, akazikwa hapa tarehe 23 mwezi huo huo. Pembeni upo msitu mdogo wa Muhunda, msitu wa mizimu ya wenyeji, na mpaka leo hauchezewi. Miti imekua mikubwa kwa sababu tu watu waliiheshimu.

Yapo pia makumbusho yenye jina lake, yaliyo chini ya Makumbusho ya Taifa. Kiingilio ni kidogo. Ndani kuna vitu alivyotumia na zawadi alizopewa na wakubwa wa dunia. Lakini kilichonigusa ni hadithi ya ndoa.

Mwalimu alimuoa Maria Gabriel Magige Januari 1953. Yeye ametoka Edinburgh mwaka mmoja tu nyuma akiwa na shahada, ana kazi ya heshima ya ualimu Pugu, mshahara unaingia. Miaka miwili baadaye, 1955, akatakiwa achague: ualimu au siasa. Akaacha kazi! Mama Maria akafungua kiduka Magomeni akauza mafuta ya taa ili nyumba iende. Hebu fikiria, dada unayesoma hapa. Mumeo mwenye digrii ya Ulaya anakuja kukuambia kuanzia mwezi ujao hakuna mshahara, na wewe unatafuta debe na mrija.

Nilipomtazama mwenzangu alikuwa ananitazama mimi. Nikamwambia asinitazame hivyo, yeye hajaacha kazi, amehamishwa tu. Mtembezaji akajifanya hajasikia.

Kuna jambo jingine. Mwaka 1973 nchi iliamua makao makuu yahamie Dodoma, na Mwalimu ndiye aliyekuwa rais. Lakini alipong'atuka urais mwaka 1985, kisha uenyekiti wa chama mwaka 1990, hakuchagua Dodoma wala ufukwe wa Dar kuwa kwao. Alirudi hapa kulima. Wageni wakamfuata huku huku, na hata baada ya kifo chake, Machi 2008, vigogo wa CCM walikuja kufanyia kikao cha Halmashauri Kuu Butiama. Wenzangu wa mjini tunaodhani ukitoka Dar umeporomoka, hilo tulitafakari.

Sitakuficha na upande mwingine. Nilimuuliza mtembezaji swali ambalo kila mwanamke anayefikiria kulea binti Mara lazima aulize: ukeketaji. Hakulikwepa. Sheria ya mwaka 1998 inamtia hatiani anayemkeketa binti aliye chini ya miaka 18, lakini ikifika Desemba bado kuna koo zinazofanya kwa siri. Ndiyo maana katika wilaya za Butiama na Serengeti zipo nyumba salama, ambako mabinti wanakimbilia msimu ukifika. "Dada yangu mkubwa alikatwa, mdogo hakukatwa," alisema. "Mama ndiye aliyekataa. Baba alinuna mwaka mzima." Nilitaka kuuliza zaidi, nikaona amekaza macho barabarani. Tukaenda kimya mpaka Makutano.

ALASIRI: MWISENGE

Ukiingia Musoma usipitilize Shule ya Msingi Mwisenge. Ndipo Kambarage alipoanza darasa la kwanza mwaka 1934, akiwa na miaka 12. Kutoka Butiama mpaka hapa ni maili 26 hivi, na mtoto huyo alizikanyaga kwa miguu. Sisi tulitumia chini ya saa moja ndani ya gari, na mwenzangu bado alilalamika kiti kinambana.

Mji wenyewe umekaa kwenye ulimi wa nchi kavu ulioingia ziwani, kwa hiyo ukikosea njia unafika majini. Mtaa mkubwa ni Mukendo: maduka, benki, maduka ya simu, bodaboda wanaokuita "mama" hata kama una miaka 27. Hakuna foleni. Narudia, hakuna foleni! Mwenzangu alipima kwa saa: kutoka lango la ofisi yake mpya mpaka mtaa wenye nyumba za kupanga, dakika 7. Dar anatumia saa 2 kwenda na saa 2 kurudi. Nikapiga hesabu kimya kimya: saa 4 kwa siku, siku 5 kwa wiki, saa 20. Tangu tuoane hatujawahi kuwa na saa 20 za kukaa pamoja tukiwa macho.

Jioni tulikwenda Matvilla, kwenye mawe makubwa ya ufukweni. Jua la Musoma linazama ziwani, siyo nyuma ya jengo la mtu. Ndege weusi wanaovua samaki, minandi, wanajipanga juu ya mawe wametanua mabawa kama wameanika nguo. Wapenzi wengine walikuwepo, kila wawili na jiwe lao.

USIKU: MJI ULIO JUU YA MAJI

Chakula cha usiku kilituletea ugomvi mdogo wa kupendeza. Mwenzangu alitaka kichuri, chakula cha Wakurya: nyama na matumbo ya ng'ombe vilivyopikwa na maji ya majani kutoka tumbo lenyewe la ng'ombe. Kina uchungu wake, na wenyewe wanasema ni dawa. Mimi nikaagiza sato wa kuchemsha na ugali wa muhogo uliochanganywa na mtama, ugali mweusi unaovutika. Alikula kichuri chote kwa ujeuri, halafu akamalizia samaki wangu.

Musoma haina maisha ya usiku ya kujirusha mpaka asubuhi kila siku. Wikiendi utapata muziki na bia baridi, katikati ya wiki utapata usingizi. Kama ndoa yenu inaishi kwa kumbi za starehe, semeni mapema.

Lakini mtembezaji alikuwa ameweka kiporo chake. Saa 4 usiku alitupeleka Mwigobero, kwenye mwalo wa samaki, akatuambia tutazame maji. Nilidhani naona mji wa ng'ambo. Taa nyingi, zimepangana, zinameremeta hadi upeo wa macho. Kumbe ni wavuvi wa dagaa! Taa inawavuta dagaa juu, wavu unawazunguka. Zamani zilikuwa karabai, siku hizi wengi wana taa za betri na sola. Mbalamwezi ikiwa kali hawatoki, kwa sababu dagaa hawaifuati taa wakati anga lote lina mwanga. Kwa hiyo mji huu unajengwa upya kila kwenye giza, na ukifika mwezi mpevu unatoweka.

Mama mmoja alikuwa amekaa juu ya ndoo akisubiri mtumbwi wa mumewe. Nikamwamkia, akaitikia, akanikaribisha nikae kwenye ndoo ya pili. Nikamuuliza kama anazoea mume kulala majini kila siku.

"Hatulali mbali," alisema. "Mimi najua taa yake."

"Zote hizo unaijua yake?"

"Wewe wa kwako, akiwa kwenye kundi la watu humjui?"

Sikuwa na jibu la kubishana. Njiani kurudi hotelini ndipo tulipozungumza, kwa mara ya kwanza bila mtu kupandisha sauti. Nilimwambia ninachoogopa siyo Musoma, ninaogopa kuwa mke wa mtu asiye na kazi yake mwenyewe. Aliniambia anachoogopa ni kurudi kwenye nyumba tupu na kuzoea. Tukapanga: yeye atatangulia, mimi nitatumia miezi 6 kutafuta kazi Musoma au Bunda, na kila mwezi mmoja atamfuata mwenzake kwa zamu, nauli kutoka mfuko wa pamoja. Miezi 6 ikiisha bila kazi, tutakaa tena mezani. Siyo jibu la sinema, lakini lina tarehe.

KAMA MNATAKA KWENDA

Ndege hadi Mwanza, kisha basi au gari la kukodi, saa 4 hivi hadi Musoma. Anzeni alfajiri ili Bunda na Butiama vipate nafasi siku moja.

Kodini mtembezaji wa huko huko na kubalianeni bei ya gari, mafuta na saa za usiku kabla ya kuondoka. Msimwachie akisie.

Butiama ni makaburini na ni nyumbani kwa watu. Vaeni kwa heshima, ombeni ruhusa kabla ya kupiga picha.

Bebeni sweta, upepo wa ziwa usiku hauna utani. Dawa ya mbu pia.

Msioge ziwani bila kuwauliza wenyeji. Kuna kichocho, na kuna sehemu zenye mamba na viboko.

Na kabla ya kukata tiketi, tazameni kalenda ya mwezi. Mkienda mwezi mpevu mtaona ziwa zuri, lakini ule mji wa taa hamtaukuta.