Vitabu Vingi, Mtihani Mmoja

Siku hizi maharusi wengi tunaowashonea wana harusi huku na mtihani kule, na mdogo wetu ni mmoja wao. Amemaliza udaktari, mchumba wake yuko Marekani. Kule shahada peke yake haimruhusu kutibu. Lazima apite mitihani ya USMLE, naye anaanza na Step 1. Tangu Januari 2022 matokeo ya Step 1 ni kufaulu au kufeli tu, na ukifeli hubaki kwenye rekodi hata ukirudia ukafaulu.

Kila aliyesikia alimtumia kitu: vitabu, video, maswali. Simu ikajaa. Leo anaanza hiki, kesho kile, hakuna kinachomalizika. Sisi mafundi tunaijua hali hiyo: ukikata gauni moja kwa michoro minne, unaharibu kitambaa.

Tukakaa naye, akabakisha vinne, kila kimoja na kazi yake.

First Aid ndicho kitabu cha msingi. Kimekusanya mambo kwa ufupi, kwa hiyo kila jipya analojifunza analiandika pembeni mwa kurasa zake.

Video za Pathoma, za Dk. Husain Sattar, anaziangalia pale ugonjwa haujamkaa kichwani.

UWorld ndiyo benki ya maswali. Anafanya 40 kwa saa moja bila kusimama, kisha anakaa muda mrefu zaidi na maelezo, hata ya maswali aliyopata, ajue kwa nini majibu mengine si sahihi.

Anki ni programu ya kadi. Anaweka yale aliyokosa tu, nayo humrudishia kadi kabla hajasahau.

Wiki za mwisho atafanya mitihani ya majaribio ya NBME. Hiyo ndiyo itakayoonesha kama yuko tayari. Wakubwa wanataka tarehe ya ndoa. Tumewaomba wasubiri kwanza mtihani upite. Gauni tumeshalikata, na kulipima ni Ijumaa baada ya sala, siku yake ya kupumzika.

Bibi harusi unayesoma, anayekuletea kitabu kipya mshukuru, kisha kiweke kando, umalize ulichoanza. Na wewe mama mkwe mtarajiwa, mpe mwali nafasi.

Mwombeeni mdogo wetu dua, nasi tunawaombea nyote. Inshaallah kheri.